Jibu: Binti yangu anataka uigizaji hapa Ujerumani, aanzie wapi?

Dada yetu, salaam.

Umeuliza kama umlipe wakala ili binti aingie kwenye runinga mara tu amalizapo shule. Nakusihi usifanye hivyo, kwa kuwa hapa Ujerumani mwigizaji kwa kawaida hukomazwa jukwaani kwanza, na runinga humkuta huko.

Mtazame mwigizaji marehemu Ulrich Mühe, aliyezaliwa mwaka 1953 huko Grimma, karibu na Leipzig. Alijifunza kazi ya ujenzi, akatumikia jeshi, kisha kuanzia 1975 hadi 1979 akasomea uigizaji katika chuo cha Hans Otto, Leipzig. Ajira yake ya kwanza ilikuwa katika jumba la maonyesho la Karl-Marx-Stadt, mji ambao leo unaitwa Chemnitz. Mwandishi Heiner Müller ndiye aliyemvuta Berlin, na mwaka 1983 akajiunga na waigizaji wa kudumu wa Deutsches Theater, jumba la maonyesho la mji huo. Hapo alimcheza Hamlet, mhusika mkuu wa tamthilia ya Shakespeare, katika onyesho la zaidi ya saa saba, ambalo mazoezi yake yalianza Ujerumani Mashariki ikiwa bado imesimama, na lilipofunguliwa Machi 1990 ukuta wa Berlin ulikuwa umekwisha kufunguliwa. Mfululizo wa kituo cha runinga cha ZDF uliomfikisha kila sebule, Der letzte Zeuge, ambamo alikuwa daktari wa kuchunguza maiti, ulianza 1998, karibu miaka 20 baada ya kuhitimu, ukaendelea hadi 2007, mwaka aliofariki.

Kwa hiyo fedha uliyoitenga iwe ya nauli ya treni na malazi ya kwenda kwenye usaili. Vyuo vya serikali, kama Ernst Busch cha Berlin na hicho cha Leipzig, gharama yake kubwa si ada. Ugumu uko mlangoni, maana waombaji ni wengi mno kuliko nafasi. Binti ahifadhi kichwani vipande kadhaa vya tamthilia, kimoja kikiwa cha kale, pamoja na wimbo. Majaji huweza kumkatiza katikati na kumtaka arudie maneno yale yale akinong'ona au akiwa amelala sakafuni, ili waone kama anaongozeka. Basi mkatizeni nyumbani mpaka azoee.

— Ndugu yako, Leipzig

Jibu:

Shikamoo kaka, na ahsante. Naomba kumwongezea dada jambo la mkataba. Mkataba wa kawaida wa mwigizaji katika majumba ya maonyesho ya hapa ni wa msimu mmoja, nao hujiongeza kwa msimu unaofuata isipokuwa upande mmoja utoe taarifa ya maandishi kwamba hautaki kuendelea, ambayo kwa mwigizaji mpya tarehe yake ya mwisho huwa 31 Oktoba. Kabla ya kutoa taarifa hiyo uongozi unapaswa kumwita mwigizaji na kumsikiliza, kwa hiyo barua ya wito ikifika asiipuuze, na aende na mwakilishi wa waigizaji wenzake.