Makuli wanadai hela ya kila gunia linalotoka ghalani kwangu, hata wasiloligusa. Nifanyeje?

Mnunuzi wa Alizeti:
Mbukwenyi wakuu. Nina ghala dogo Kizota, hapa Dodoma, nanunua alizeti na mahindi, na mashudu nauza. Kwa miaka mitatu kupakia na kushusha niliwaachia kikundi cha makuli wa pale mtaani, shilingi 500 kwa gunia, hela anapokea nyapara. Msimu huu nimeajiri vijana wanne kwa mshahara wa mwezi, mikataba wanayo. Kikundi nikawaambia basi, asanteni.

Sasa Fuso likiingia tu, wanakaa getini. Wanasema wao ni chama cha wafanyakazi, eneo ni lao, na vijana wangu wakibeba nilipe 500 ile ile. Juzi semi la kwenda Dar limelala hapa usiku mzima, dereva ananidai posho. Wameleta na barua ya muhuri, eti watanipeleka CMA, ile Tume ya Usuluhishi na Uamuzi ya migogoro ya kazi. Wana haki hiyo?

Babu Turubai:
Hiyo ni kodi ya kutazama 😂 Ita polisi.

Wakili Mtoro:
Mkuu, anza na ule muhuri. Ni wa nani? Chama cha wafanyakazi kinasajiliwa na Msajili chini ya Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004, na ili kisajiliwe kinatakiwa kiwe kimeanzishwa na wafanyakazi wasiopungua 20. Cheti cha kikundi cha halmashauri hakikifanyi kuwa chama. Hata chama halali kinawasemea wafanyakazi wa sehemu ya kazi pale kinapokuwa na wengi wao. Hakimiliki mtaa. Na hata kwenye mgomo halali, sheria hiyo inakataza kumzuia mwajiri asiingie kwake.

Ila nijibu: nani alikuwa anapanga saa za kuja? Vifaa vya nani?

Mnunuzi wa Alizeti:
Mimi nampigia nyapara, saa kumi na mbili asubuhi wawe wamefika. Toroli na turubai zangu. Vizibao pia niliwashonea, vina jina la ghala 🙈

Wakili Mtoro:
Hapo ndipo penye shida. Sheria ya Taasisi za Kazi ya 2004, kifungu cha 61: ukimpangia mtu saa au namna ya kufanya kazi, ukimpa vifaa, au akikufanyia wastani wa saa 45 kwa mwezi kwa miezi mitatu, kimoja tu kati ya hivyo kinatosha achukuliwe kuwa mwajiriwa wako mpaka wewe uthibitishe vinginevyo. Kumwita kibarua hakukuokoi. Chama chao kinaweza kuwa hewa, lakini kila mmoja wao akaenda CMA kwa jina lake kudai umemwachisha kazi isivyo halali, na akasikilizwa.

Kuli wa Stendi:
Mimi nabeba. Kulipia gunia ambalo sijagusa sikubali, ni aibu kwetu. Lakini bosi, miaka mitatu mtu anabeba lumbesa yako, unamwambia "asanteni" getini? Pendekezo la ILO, Shirika la Kazi Duniani, la 1967 linasema mwanaume mmoja asizidishe kilo 55. Sisi gunia ni 100 na nundu juu. Mgongo ukifa nani anaulipa, nyapara?

Babu Turubai:
Kuli anasoma ILO, mimi nalala na redio.

Mama Mbande:
Mimi nilipitia hayo. Usibishane na nyapara, yeye ndiye anayekula hapo. Kaa na makuli mmoja mmoja, toa daftari la malipo, angalia nani alikuja mara ngapi. Mimi nilikuta kati ya watu 23 waliokuwa wanapiga kelele, waliobeba kweli ni saba. Wawili nikawaajiri, watano tukaelewana kwa maandishi, mbele ya afisa kazi. Getini pakawa peupe.

Mnunuzi wa Alizeti:
Daftari lipo, ila limeandikwa jina la nyapara tu.

Wakili Mtoro:
Basi atakayekuja kueleza nani alibeba ni nyapara. Uliwaambia lini wasije tena? Madai ya kuachishwa kazi yanafunguliwa CMA ndani ya siku 30.

Mnunuzi wa Alizeti:
Leo siku ya 19.

Mama Mbande:
Kesho asubuhi nenda ukaongee nao. Na vizibao usiwadai.