Uliwahi kutazama filamu ya mapenzi ya Kihindi na mtu wa lugha nyingine? Tupeane uzoefu

MtotoWaChumbageni:
Wakuu, salaam. Nilikwenda kusoma Malaysia 2017, nikapangiwa chumba na jamaa wa Mandalay, Myanmar (Burma ya zamani). Kila Ijumaa usiku, wali ukishaiva, anafungua laptopu na kuweka filamu ya mapenzi ya Kihindi yenye maandishi ya Kiburma chini. Nikadhani Kihindi anakijua. Wapi! Anasoma tu. Mimi nimekulia Tanga, Kihindi nilikiokota kwenye mikanda ya video, na maandishi yale kwangu yalikuwa vijiduara vitupu.

Shujaa akiimba *duniya*, *waqt*, *khabar*, *mohabbat*, nakamata: dunia, wakati, habari, mahaba. Kiarabu kilipita kwa Wahindi na kwetu. Akisema *dukh* na *sukh*, jamaa anaacha kusoma, anaitikia kwa kichwa. Kwao ni *dukkha* na *thukha*, dhiki na raha. Wameyapata kwenye Kipali, lugha ya vitabu vyao vya dini ya Budha. Wimbo mmoja, kila mtu ana vipande vyake. Ubeti wa majonzi analainika yeye kwanza, wa mahaba nalainika mimi.

Halafu kuna hili, alinionyesha mwenyewe. Kihindi na Kiburma vyote huweka kitenzi mwisho wa sentensi. Binti akianza "mimi wewe..." halafu akameza mate, maandishi ya Kiburma nayo yanaweza kukatwa pale pale, siri haijatoka. Ya Kiingereza yalikuwa yanamaliza uhondo dada wa watu bado anatazama chini.

Shida ilikuwa fonti. Wenzetu walikuwa na mifumo miwili ya herufi za kompyuta, Zawgyi na Yunikodi, mpaka nchi ilipoamua kuhamia Yunikodi Oktoba 2019. Ukipakua maandishi ya mfumo usio wako, herufi zinapandiana kama abiria wa daladala saa kumi na mbili jioni. Siku moja ikatokea hivyo, nikawa mkalimani mimi kwa Kihindi changu cha kuokoteza. Nusu saa nzima jamaa anaamini wale ni wachumba, kumbe ni mtu na dadake.

Karibuni, leteni na zenu.

BiMalindi:
Mie hayo maandishi siyajui. Mamangu akenda sinema ya Cine Afrique, Unguja, na sisi watoto nyuma yake, na alikuwapo bibi mmoja jirani, mumewe akifanya kazi duka la Muhindi, basi yeye ndiye mtoa maana. Na anatoa kwa sauti, safu tatu zote zinasikia. Akinyamaza, ujue limemgusa. Nyimbo nyengine tukizijua kabla ya picha, maana sauti zake zishaingia kwenye taarab. Nilipokuwa mkubwa nikaja kujua tafsiri zake nyingi alizitunga mwenyewe. Ninavyoona mie, zilikuwa tamu kuliko picha.

KibandaUmiza:
Maandishi ni ya waliosoma bana. Sisi tulikuwa na Lufufu, mkanda akishautafsiri hata jambazi wa Mumbai anaongea Kiswahili cha Manzese. Ila kwa za mapenzi nakubali kusoma. Kuna mtafsiri mwingine, simtaji, alikuwa anaongea juu ya wimbo mzima. Mtu analia mvuani, yeye anatusimulia bei ya gari.

MjukuuWaKeya:
Burma mnaitaja kama iko mwezini. Babu yangu alipigana huko 1944, bonde la Kabaw, na wenzake wa Keya (KAR, jeshi la Waingereza la Waafrika wa huku kwetu) kutoka Kenya, Uganda, Tanganyika na Nyasa (Malawi ya leo). Aliiita "Bama" mpaka anaingia kaburini, na alikuwa akituambia picha ya kwanza ya Kihindi aliiona kambini India baada ya kutoka huko. Na huyo jamaa wa Mandalay si mgeni sana kwa Wahindi. Nchi yao ilitawaliwa na Waingereza kama jimbo la India mpaka 1937. Hata Helen, yule mcheza ngoma wa filamu za Kihindi, alizaliwa Rangoon 1938, vita vikamkimbiza mtoto na mamake kwa miguu hadi Assam.

MtotoWaChumbageni:
Mkuu, hilo la Helen namtumia leo leo.

BiMalindi:
Weye mwenye uzi, nambie: binti anamwitaje mpenziwe kwa Kiburma?

MtotoWaChumbageni:
Hapo ndipo nilipochoka. Nilimwomba anisomee, akasoma *ko*. Maana yake? Kaka. Nikamwambia, rudia vizuri, hawa si wale ndugu wa juzi? Akacheka mpaka wali ukampalia. Kumbe kwao mwanamke humwita hivyo mpenzi wake, hata mume.

KibandaUmiza:
Wangu akiniita kaka, najua leo nalala sebuleni.