Katuni za mtoto: antena ya bure yenye Akili Kids!, king'amuzi cha kulipia, au intaneti?

BabaZuri
Wakuu, habari za jioni. Nataka kumwekea binti yangu katuni nyumbani kabla shule hazijafungwa. Nimebaki na njia tatu. Ya kwanza, nifunge antena nipate Akili Kids!, chaneli ya watoto, bila kulipa kila mwezi. Ya pili, king'amuzi cha kulipia chenye Cartoon Network na wenzake. Ya tatu niachane na vyote, niweke bando tutazame kipindi cha Ubongo Kids kwenye simu. Mama Zuri anataka ya pili, amekulia na Tom na Jerry. Mimi naegemea ya kwanza, lakini sijui historia ya hii chaneli na kama ni ya kudumu. Nishaurini.

FundiAntena
Baba Zuri, umeleta swali nusu. Unaishi wapi? Kuna vilima kati yako na mtambo wa kurushia matangazo? TV ni bapa au ile ya zamani ya chogo? Bila hayo nitakuwa nakupigia ramli.

Mwalimu_Chekechea
Na binti ana miaka mingapi? Hilo ndilo la kwanza. Wa miaka mitatu na wa miaka tisa hawakai mbele ya kipindi kimoja.

Kijana_wa_Voi
Cartoon Network, usiumize kichwa. Ile ni chaneli yenye mizizi. Ted Turner alinunua studio ya Hanna-Barbera mwaka 1991, na tarehe 1 Oktoba 1992 akafungua chaneli inayoonyesha katuni mchana kutwa. Kabla ya hapo alikuwa ameshachukua ghala la filamu za studio ya MGM, ndimo walimokuwa Tom na Jerry tangu 1940. Mama Zuri anajua anachokitaka.

MamaTatu_Dar
Jamani, kabla hatujafika mbali niweke sawa jambo moja, maana kila mara watu wanachanganya. Akili Kids! ni chaneli nzima, iko Kenya. Akili and Me ni kipindi, kinatengenezwa na shirika la Ubongo hapa Dar es Salaam. Akili wa kipindi ni mtoto wa kike wa miaka minne anayeishi chini ya Mlima Kilimanjaro, akilala anaingia Lala Land kwa rafiki zake wanyama.

Ubongo walianza 2013, na Ubongo Kids ikaingia hewani TBC1 Januari 2014. Nakumbuka vizuri kwa sababu mwanangu wa kwanza alikuwa darasa la tatu. Mwishoni palikuwa na swali la hesabu, unachagua jibu na kulituma kwa ujumbe wa simu. Alikuwa anachukua simu ya baba yake, anakaa nayo mapajani kipindi kizima, kidole kiko tayari. Ujumbe ukirudi kumwambia amepata, anakuja jikoni kunisomea neno kwa neno. Mtoto aliyekuwa analia akiona kitabu cha hesabu! Kwa hiyo mimi nikisikia mtu anasema katuni ni katuni tu, sikubaliani naye.

Msomaji_wa_Zamani
Baba Zuri umeuliza historia, ngoja nikueleze ninavyoifahamu.

Ukitaka kujua kwa nini hatukuwa na chaneli ya watoto hewani miaka yote ile, angalia mitambo. Enzi za analojia stesheni moja ilikula masafa mazima. Nani angetoa masafa kwa watoto ambao hawanunui kitu? Walipewa saa moja ya alasiri na asubuhi ya Jumamosi, basi. Mwaka 2015 Kenya ikazima analojia. Mnakumbuka ile Februari, Citizen, NTV na KTN zilivyotoweka karibu wiki tatu kwa sababu ya mvutano wa ving'amuzi? Vurugu zilipotulia, masafa yale yale yakawa yanabeba chaneli nyingi kwa pamoja. Hapo ndipo mlango ulipofunguka.

Akili Kids! ikaingia hewani tarehe 31 Machi 2020. Walioianzisha ni Jeff Schon na Jesse Soleil. Linganisha tarehe: Rais alitangaza kufungwa kwa shule kwa ajili ya korona tarehe 15 Machi, siku 16 nyuma. Chaneli haijengwi kwa wiki mbili, kwa hiyo walikuwa wameshajipanga, ila ilikuta nchi nzima ina watoto wamekaa nyumbani. Wengi hawakurudi darasani hadi Januari 2021. Kwangu palikuwa na wajukuu wawili, na nasema kwa moyo wangu wote, chaneli ile ilitushika mkono.

Kijana_wa_Voi
Historia nzuri mzee, lakini ubora wa picha je? Katuni za nje zina fedha nyuma yake. Mtoto anaona tofauti.

Mama_Wawili
Mtoto anaona tofauti, na mzazi naye aone hii.

Mimi nilichukua cha kulipia. Kampuni siitaji. Nilichagua kifurushi cha katikati kwa sababu ya chaneli moja tu ya katuni, na nilimuuliza yule wa dukani mara mbili kama chaneli hiyo imo. Imo, mama. Miezi minne ikaenda vizuri. Jumamosi moja watoto wameamka, wametandika mkeka wao, vikombe vya uji viko mkononi. Nawasha, naona maandishi kwamba chaneli hii haimo kwenye kifurushi chako. Nilikuwa nimelipa Jumatano.

Nikapiga simu huduma kwa wateja. Muziki, subiri, muziki, salio likaisha. Nikanunua jingine. Dada aliyepokea akaniambia chaneli imehamishiwa kifurushi cha juu, nikiongeza hela itarudi. Nikamuuliza, na hela yangu ya mwezi huu? Akasema hairudishwi. Mwanangu mdogo wa miaka mitatu alikuwa amesimama mbele ya TV anaipigapiga kioo kwa kiganja, anawaita wale wa katuni kwa majina yao. Uji ulipoa. Sikuongeza hela. King'amuzi kiko juu ya kabati mpaka leo, na kila nikipangusa vumbi hasira inarudi.

Ya bure inaweza kukwaruza mvua ikinyesha, sawa. Lakini haiji kukuzimia mtoto wako katikati ya mwezi uliolipia.

Mwalimu_Chekechea
Pole sana mama.

Mimi naleta suala la lugha. Muhula uliopita niliwachorea watoto maumbo ubaoni. Kabla sijafungua mdomo mmoja akasema "mraba!" Nikamuuliza amefundishwa na nani, akasema ameuona kwenye katuni. Hakusema "skwea". Sijawahi kusikia mtoto akirudi na neno la Kiswahili kutoka kwenye katuni za nje.

Kijana_wa_Voi
Mwalimu, Tom na Jerry hawasemi. Ni muziki na mbio tu, mtoto wa lugha yoyote anaelewa. Hiyo nayo ni kazi kubwa ya sanaa.

Mwalimu_Chekechea
Hapo nakubali. Lakini mtoto mdogo anahitaji kusikia maneno, na ayasikie kwa lugha anayosemeshwa na bibi yake.

Shangazi_Salma
Mnazungumza kama zetu zimeanza jana. Tinga Tinga Tales je? Zilichorwa Nairobi, studio ya Homeboyz, na mwaka 2010 zikawa zinaonyeshwa CBeebies, chaneli ya watoto ya BBC kule Uingereza. Rangi zake ni zile za Edward Saidi Tingatinga wa Dar es Salaam, chui mwenye madoa na mandhari yamejazwa mpaka pembeni. Na hadithi ni zile za bibi, tembo alipataje mkonga. Kwa hiyo kaka wa Voi, habari ya picha duni siikubali. Na Super Sema ya 2021 umeiona? Lupita Nyong'o mwenyewe ametia sauti.

Kijana_wa_Voi
Super Sema nimeiona. Ni nzuri kweli. Lakini iko YouTube, na hiyo ni njia ya tatu ya Baba Zuri, siyo antena.

BabaZuri
Samahani nilikuwa safarini. Zuri ana miaka mitano, ila binamu yake wa miaka tisa huja likizo zote. Tuko nje kidogo ya Kabarnet, kwenye mteremko. TV ni bapa ya inchi 32, nimeinunua mwaka jana. Njia ya simu nimeanza kuiogopa, akishika simu harudishi.

FundiAntena
Sasa tunaongea. Geuza TV, soma kibandiko cha nyuma au kitabu chake. Ukiona DVB-T2, yaani TV yenyewe inapokea dijitali ya antena, huhitaji king'amuzi cha chaneli za bure, ni antena ya UHF (ile ya kunasa masafa ya TV) na waya tu. Waya uwe mmoja mzima toka juu hadi kwenye TV, usiungeungwe, kwenye viungo ndipo mawimbi yanapopotelea. Lakini mteremko unanipa wasiwasi. Ukiwa upande uliogeukia mtambo utapata vizuri, ukiwa upande wa pili kilima kinakukinga. Usinunue kitu kabla hujamwona jirani mwenye antena. Nenda kwake, tazama imeelekea wapi, na mwombe atafute Akili Kids! ukiwa umesimama pale.

Msomaji_wa_Zamani
Na ile hofu yako kama chaneli itadumu. Hakuna atakayekuahidi kwa chaneli yoyote, ya bure wala ya kulipia, umemsikia Mama_Wawili. Lakini antena haikufungi kwa chaneli moja. Zile nyingine za bure zitaingia kwa waya huo huo.

MamaTatu_Dar
Umri nao umekaa vizuri. Wa mitano ni Akili and Me, wa tisa ni Ubongo Kids.

BabaZuri
Nimegeuza TV, DVB-T2 imeandikwa. Jirani wa juu ana antena, nitampitia Jumamosi asubuhi. Mama Zuri amesoma uzi wote, bado anasema Tom na Jerry, na ameshika hoja ya kijana wa Voi kwamba hawasemi.

FundiAntena
Ukifika kwa jirani piga picha ya antena na upande ilikoelekea, uweke hapa.

Shangazi_Salma
Hivi kuna mwenye vipindi vya Tinga Tinga kwa Kiswahili? Wajukuu wangu wanaomba kile cha tembo, nami nimewasimulia mpaka sauti imekauka.