Naomba ushauri: kuongeza magemu kwenye SNES Classic Mini

Wakuu habari za usiku, baridi ya Uyole huku Mbeya inatufungia ndani mapema so jioni ni gemu tu na watoto. Nina ile Nintendo SNES Classic Mini, kile kidude kidogo cha kuchezea gemu kwenye TV kilichotoka 2017, shemeji alikuja nacho toka Uingereza, kina magemu 21 tu na madogo wameshayamaliza sasa kila siku baba tuongezee mengine. Nikasikia kuna programu inaitwa hakchi2 CE, unachomeka kwenye kompyuta unaongeza mwenyewe. Jana nimejaribu kutwa nzima, nashikilia riseti nawasha pawa, kompyuta kimyaa haioni kitu. Nahisi ni waya maana natumia wa kuchajia simu, nilinunua Mwanjelwa buku mbili, na hizi waya nyingi zinapitisha chaji tu data hakuna, au mnaonaje? Fundi mmoja hapa mjini kataka elfu 50 halafu nikimuuliza habari ya bakapu (nakala ya akiba ya vilivyomo ndani) ananikodolea macho tu, nikabeba kidude changu nikasepa. Na ikikubali, memori ya ndani ni MB 512 tu na sio yote ya magemu, niweke mangapi isigome? Mliowahi kufanya nisaidieni, shule zinafungwa wiki hii jamani.