Matembezi ya Mji Mkongwe: kundi la hoteli, mwongozaji wa familia, au tutembee wenyewe?

MamaKihonda
Wanajukwaa, nawasalimu. Tumepanga kwenda Unguja kwa siku mbili, na siku ya kwanza tumeitenga yote kwa ajili ya Mji Mkongwe. Nina njia tatu mbele yangu na ni lazima nithibitishe moja kabla ya Ijumaa, kwa sababu wanataka malipo ya awali. Ya kwanza ni matembezi ya kundi yanayoanzia hotelini saa tatu asubuhi hadi saa sita, watu wasiozidi kumi na watano. Ya pili ni mwongozaji wa familia yetu peke yetu, ambaye bei yake inakaribia mara tatu ya ile ya kundi. Ya tatu, anayoitaka mume wangu, ni kutembea wenyewe kwa ramani na kulipia viingilio tu. Nia yangu ni watoto watoke pale wameelewa walichokiona, wasirudi na picha za milango pekee. Ninyi mngechagua ipi?

Nahodha_wa_Pangani
Dada, karibu, lakini swali lako bado halijibiki. Hukusema mko wangapi, watoto wana umri gani, mnakwenda mwezi gani, wala kama mtakuwa na mtu mzima asiyeweza kutembea saa tatu mfululizo. Mji Mkongwe ni mdogo. Kutoka Forodhani, ufukweni, mpaka soko la Darajani, mwenye miguu mizima asiyesimamasimama anafika kwa robo saa hivi. Wageni huchoshwa na kusimama, na jua la saa tano, na ngazi za kila jengo wanaloingia. Tupe hayo kwanza.

MzaliwaWaKiponda
Mimi nimezaliwa Kiponda, mtaa wa Mji Mkongwe, na nyumba yetu ingali huko, kwa hiyo nasema kwa upande wa wanaotembelewa. Kundi la watu kumi na watano halifai katika vichochoro vyetu. Likisimama kumsikiliza mtembeza wageni, mwenye mkokoteni hapiti, mama anayetoka sokoni hapiti, na wazee waliokaa barazani mwao wanapigwa picha bila kuombwa ruhusa. Familia ya watu watano huamkia ikaitikiwa, na si ajabu ikakaribishwa kahawa.

Chukueni wa familia, na kabla ya kulipa mwombeni awaonyeshe kitambulisho cha Kamisheni ya Utalii Zanzibar. Mwenye nacho hachukizwi na ombi hilo. Kisha muulizeni atapita mitaa gani. Akiwatajia Ngome Kongwe, Beit al-Ajaib (jumba la kale la Sultani), kanisa la Mkunazini palipokuwa na soko la watumwa, na Darajani tu, basi huyo anakuuzieni majengo manne ambayo hata ramani ya mumeo itawafikisha. Malindi upo Msikiti wa Balnara, wenye mnara wa umbo la koni ambao mfano wake ni nadra katika pwani yetu yote. Hamamni zipo bafu za Kiajemi za enzi ya Sultan Barghash. Sokomuhogo lipo baraza la kahawa ambapo watu hucheza bao na kubishana siasa tangu kabla sijazaliwa. Hurumzi inasimuliwa kuwa ilipata jina lake kutokana na fidia walizolipwa wenye watumwa baada ya amri ya 1897 ya kukomesha utumwa. Mitaa hiyo mtu huipita bila kujua amepita wapi, kama hana wa kumwambia.

Msafiri_Dodoma
Dada MamaKihonda, naomba nikusimulie yaliyonipata, maana naamini yatakusaidia kuliko ushauri mtupu.

Mwaka juzi tulishuka kwenye boti pale Malindi, mimi, mke wangu na wadogo zake wawili. Kabla hatujamaliza kutoka bandarini, kijana mmoja alitupokea kwa heshima kubwa, akalibeba begi la mke wangu na kusema kwamba yeye ni mtembeza wageni na kwamba tungelipa kiasi kidogo tu. Sikumwomba kitambulisho, kwa kuwa niliona aibu kumdai mtu aliyekwisha kutubebea mzigo. Baadaye ndipo nilipoambiwa kwamba vijana wa namna hiyo huitwa mapapasi.

Tulisimama Ngome Kongwe kwa muda mfupi, akatuambia ilijengwa na Wareno. Kutoka hapo tuliingia duka la viungo, kisha duka la picha za kuchora, kisha duka la kanga, na kila mwenye duka alikuwa ndugu yake. Mke wangu alipouliza habari ya mlango mmoja wenye mnyororo uliochongwa kuzunguka miimo yake, alijibiwa kwamba nyumba yoyote yenye mnyororo huo iliuza watumwa. Tulipofika Mkunazini muda ulikuwa umekwisha, na mahali ambapo mimi binafsi nilipavukia bahari tulipaona kwa nje.

Jioni, pale Forodhani, alidai kwamba bei tuliyopatana ilikuwa ya kila kichwa. Tulibishana mbele za watu hadi mke wangu akalia, nikalipa nusu ya alichotaka. Fedha nimekwisha kuzisahau. Linaloniuma ni kwamba mashemeji zangu bado wanamsimulia kila mtu kwamba ngome ni ya Wareno na minyororo ni ya watumwa, kwa kuwa ndivyo walivyofundishwa wakiwa wamesimama mahali penyewe.

Maalim_Vuga
Pole sana, ndugu Msafiri. Niliwahi kufundisha historia, na habari kama yako hunikera.

Ngome Kongwe ilijengwa na Waomani mwishoni mwa karne ya 17, baada ya Wareno kufukuzwa, lakini ilisimamishwa mahali palipokuwa na kanisa dogo la Wareno, na nadhani hapo ndipo kosa linapoanzia. Ama milango, ile ya Kiarabu ya zamani ina kizingiti cha juu kilichonyooka, na mingi imechongwa aya za Qurani, na ile yenye tao juu ilikuja kwa wingi mwishoni mwa karne ya 19 kwa mkono wa Kihindi. Mnyororo wafasiri wengi huuelezea kuwa ni alama ya ulinzi wa nyumba. Vile vijiba vya shaba vilivyochomoza husemwa kuwa asili yake ni India, ambako vilizuia ndovu wasivunje milango. Huku kwetu vikabaki kuwa pambo la mwenye mali.

Kuna jambo zito zaidi. Pale Mkunazini wageni huteremshwa katika vyumba vya chini na kuambiwa kwamba humo watumwa walifungwa wakingoja kuuzwa. Jengo lililo juu ya vyumba hivyo lilijengwa na wamisionari kwa ajili ya hospitali, baada ya soko kufungwa, na wapo wanahistoria wanaopinga simulizi hiyo kwa sababu hiyo. Yasiyo na ubishi ni kwamba soko la watumwa lilikuwa katika uwanja ule, kwamba Sultan Barghash alitia saini mkataba wa kulifunga mwezi wa Juni 1873, na kwamba Askofu Edward Steere alisimamia ujenzi wa kanisa papo hapo. Duara la marumaru mbele ya altare huonyeshwa kuwa ndipo uliposimama mti wa kuchapia. Mtembeza wageni mwaminifu huwaeleza watoto lililothibitika na lenye shaka. Mimi ningemchagua kwa kumuuliza swali hilo moja tu.

MzaliwaWaKiponda
Shikamoo Maalim. Elimu yako naiheshimu, lakini hapa siungani nawe. Mtoto hafahamu utumwa kwa mkataba wa 1873. Anaufahamu anapoinama kuingia katika chumba kile chenye dari fupi na kukosa pumzi. Tukianza kusema vyumba vina shaka, watakuja wengine waseme na soko lenyewe lina shaka.

Maalim_Vuga
Marahaba, mwanangu. Hofu yako ninaielewa, na ndiyo hiyo hiyo inayonifanya niseme. Anayetaka kukanusha utumwa huanza kwa kutafuta kosa moja katika maelezo yetu. Akishalipata, huyakataa yote. Uwanja upo, na mchongo wa watumwa waliofungwa shingo ndani ya shimo, uliowekwa mwaka 1998, upo kwa ajili ya moyo wa mtoto. Nimewaona wanafunzi wangu wakinyamaza mbele yake bila ya mtu kuwaambia neno.

BintiMvita
Mniwie radhi, lakini kwa nini lazima iwe Unguja? Njooni Mombasa. Fort Jesus ilianza kujengwa 1593, Waomani wakaitwaa 1698 baada ya kuizingira zaidi ya miaka miwili na nusu, ikawa gereza tangu 1895 hadi 1958, na leo ni makumbusho. Mtoto anaiona historia ya pwani nzima ndani ya ukuta mmoja. Mkitoka hapo mnashika Ndia Kuu chini ya roshani za mbao, mnapita Msikiti wa Mandhry, mnateremka hadi bandari ya kale, na mnamalizia Kibokoni kwa mahamri na mbaazi. Mji wetu wa Kale haujajaa maduka ya vinyago kama Shangani. Watu bado wanaishi humo, na mwongozaji hana pa kukupeleka ila kwa watu.

MzaliwaWaKiponda
Bi Mvita, mji wenu ninaupenda na nina jamaa huko, lakini dada ana tiketi za boti, hana za basi la kuvuka mpaka. Na Shangani si Mji Mkongwe wote. Njoo Kiponda asubuhi uone kama watu hawaishi.

MamaKihonda
Nawashukuru wote, na naomba radhi kwa kutoeleza mapema. Tutakuwa watano: mimi, mume wangu, watoto wa miaka 9 na 13, na mama yangu mzazi mwenye miaka 74, ambaye magoti yanamsumbua, hasa anapoteremka ngazi. Yeye ndiye aliyeomba safari hii. Pia nilisahau kusema kwamba tutafika katikati ya mwezi wa Ramadhani. Sisi ni Wakristo na hatutaki kumkwaza mtu.

Nahodha_wa_Pangani
Hayo ndiyo niliyoyahitaji, na yanabadilisha kila kitu. Kundi liondoe kabisa, kwa sababu mwendo wa kundi hupangwa na mwenye miguu mepesi, na mama atabaki nyuma akiona haya. Vyumba vya chini vya Mkunazini vina ngazi; mama akae kanisani, wengine mkishuka.

Kuhusu Ramadhani, mikahawa mingi hufungwa mchana na ile ya hoteli ndiyo itakayowahudumia. Watoto wasile wala kunywa maji barabarani, na mabega na magoti yafunikwe. Mkigawa matembezi mara mbili, asubuhi mapema kwa ajili ya Mkunazini na Darajani, kisha baada ya futari kwa ajili ya vichochoro na Forodhani, mama atapumzika saa za jua kali. Mchana vichochoro hunyamaza. Baada ya magharibi mji wote huwa barazani. Kundi la hoteli, linaloondoka saa tatu na kurudi saa sita, halitakuonyesheni hayo.

MkaaNg'ambo
Nimesoma yote na hakuna aliyevuka barabara. Hapo ilipo barabara inayopita mbele ya soko la Darajani palikuwa na mkondo wa bahari, na upande wa pili, Ng'ambo, waliishi watu wengi waliojenga na kutumikia huo mji wa mawe mnaousifu. Siti binti Saad, mwimbaji wa taarabu, alipotoka kijijini Fumba mwaka 1911 aliimba katika mji huu wenye pande mbili, na sehemu kubwa ya taarabu yake ilizaliwa Ng'ambo, si kwenye makasri. Maghorofa ya Michenzani, yaliyojengwa baada ya Mapinduzi ya 1964, nayo yana historia. Mwombeni mtembeza wageni nusu saa tu ya upande wetu. Barabara ni tambarare, mama hatapata tabu.

Msafiri_Dodoma
Naunga mkono, ila mwandikiane bei kabla ya hatua ya kwanza, na isemwe wazi kama ni ya familia au ya kila kichwa, na kama viingilio vimo. Mkitaka kuingia Beit al-Ajaib, ulizeni kwanza kama kumefunguliwa, kwa kuwa sehemu yake iliporomoka tarehe 25 Desemba 2020.

MamaKihonda
Nimemsomea mume wangu. Amekubali kwamba kundi halitufai, lakini bado anaona mwongozaji wa mara mbili kwa siku atakuwa ghali, na sasa anapendekeza tumchukue wa asubuhi peke yake kisha usiku tutembee wenyewe. Mama naye, tangu asikie habari za Siti, anauliza Ng'ambo tu. Nimemwandikia mtembeza wageni mmoja swali la Maalim kuhusu vyumba vya Mkunazini, na hajajibu. Je, usiku baada ya futari, familia yenye mzee na watoto inaweza kupita Kiponda na Malindi bila mwenyeji?

MzaliwaWaKiponda
Mnaweza, na mkipotea mwulizeni yeyote aliye barazani. Lakini taa za baadhi ya vichochoro ni hafifu na mawe ya chini hayako sawa. Kwa magoti ya mama, njooni na tochi.