Cheni ya taimingi 1NZ-FE: mlio asubuhi na kodi P0016, nibadilishe nini?

MlioAsubuhi (swali)

Wakuu, habari za kazi. Injini ni 1NZ-FE ya Toyota, lita 1.5, imetembea kilomita 243,000. Ikilala usiku kucha, asubuhi ukiwasha inatoa mlio wa kukwaruza upande wa mkanda kwa sekunde tatu au nne, halafu inatulia. Sasa taa ya injini imewaka na mashine ya kusomea kodi za hitilafu inaonyesha P0016. Oili iko kwenye kiwango.

Naweza kubadilisha tenshena (kikaza cheni) peke yake, au ni cheni? Kama ni cheni, seti kamili ina vitu gani? Na kubwa kuliko yote, taimingi (mpangilio wa valvu kufunguka sambamba na pistoni) inapangwaje bila kuruka jino?

spana_14

Mkuu, kabla hujashika spana hakikisha kwanza ni cheni kweli. P0016 inakwambia jambo moja tu: kompyuta inaona krenki (shafti inayozungushwa na pistoni) na kamshafti ya intake (inayofungua valvu za kuingiza hewa) haziendi pamoja kama inavyotarajia. Haisemi kosa ni la nani. Oili iliyogeuka tope, valvu ya oili ya VVT-i (mfumo unaobadilisha wakati wa valvu kufunguka kwa presha ya oili) iliyokwama wazi, chujio lake dogo kuziba, hata waya wa sensa uliochubuka, vyote vinaweza kuleta kodi hiyohiyo.

Anza na vitu vya bure. Kodi inakuja lini? Ikija injini ikiwa ya moto, iko sailensi (inaunguruma bila kukanyagwa mafuta), na oili ni nyepesi au chafu, mshukiwa wa kwanza ni VVT-i. Ikija muda wote, hata injini ya baridi, na ukiifuta inarudi dakika hiyohiyo, elekea kwenye cheni. Chomoa valvu ya VVT-i uisafishe, toa chujio lake ulitazame kwenye mwanga, kisha futa kodi.

Mlio nao una lugha yake. Gia ya VVT-i ambayo pini yake ya kufunga imelika hutoa mlio mkavu wa kugonga wa sekunde moja hivi unapowasha, kisha kimya. Cheni iliyolegea hukwaruza muda mrefu zaidi mpaka presha ya oili ifike kwenye tenshena, na ikizidi kuchakaa unaisikia hata ukiachia mafuta ghafla kutoka kwenye mizunguko ya juu. Sekunde zako tatu au nne pamoja na P0016 zinanielekeza kwenye cheni, lakini fungua tapeti kava (mfuniko wa juu wa injini) uone kwa macho. Ukibonyeza cheni kwa kidole kati ya gia mbili za juu, haitakiwi kucheza ovyo.

Jino36

Jibu la tenshena peke yake ni hapana, na sababu yake ni muhimu kuielewa.

Watu husema cheni "imevutika". Chuma hakijavutika. Kinacholika ni pini na vibushi ndani ya kila kiungo. Chukua mfano wa cheni ya viungo 118 yenye nafasi ya milimita 8 kutoka pini hadi pini. Kila pini ikilika milimita 0.03 tu, cheni nzima imeongezeka zaidi ya milimita 3.5. Hakuna jicho litakaloona 0.03, ila injini inaiona.

Tenshena inakusanya ulegevu wa upande mmoja tu, ule usiovuta. Upande unaovuta, kutoka krenki kwenda juu kwenye kamshafti, hauguswi na tenshena hata kidogo. Huo ukirefuka, kamshafti inachelewa. Kwenye gia ya krenki yenye meno 18, jino moja ni nyuzi 20 za krenki, nalo ni milimita 8 za cheni. Kwa hiyo upande huo ukirefuka milimita 2, valvu zako zinachelewa nyuzi 5. Weka tenshena mpya hapo: mlio utapotea, kodi itabaki, na siku cheni ikiruka hutakuwa na mlio wa kukuonya.

Seti inayotakiwa: cheni, tenshena, reli mbili za plastiki (ile inayosukumwa na tenshena na ile isiyosogea), gia ya krenki, gia ya kamshafti ya egzosti, oil sili ya mbele ya krenki, gasketi ya tapeti kava, oringi za kava la mbele, silikoni ya injini, oili na chujio. Gia ya VVT-i ni ya bei ya juu, hivyo ikague: meno yakiwa yamechongoka kama kulabu au yameegemea upande mmoja, nayo inaondoka. Cheni mpya kwenye meno ya zamani inalika haraka, kwa sababu nafasi za viungo na za meno hazilingani tena.

Dizeli_Baridi

Kwa heshima, sikubaliani kabisa na hiyo hapana. Zipo injini ambazo ugonjwa ulikuwa tenshena yenyewe, cheni ikiwa bado nzima. EA888 za mwanzo za Volkswagen zilijulikana kwa hilo: meno ya kuzuia ndani ya tenshena yakishindwa, pini inarudi nyuma injini ikiwa imezimwa na cheni inaruka wakati wa kuwasha. Kwa gari la kilomita 60,000 lenye shida hiyo, tenshena ndiyo dawa.

Jino36

Sawa, kwa hali hiyo nakubali. Lakini hapa tuna kilomita 243,000 na kodi ya krenki na kamshafti kutolingana. Ushahidi upo ndani: ukifungua kava la mbele, tazama pini ya tenshena imetoka kiasi gani. Ikiwa imekaribia mwisho wa safari yake, cheni imekwisha. Kisha ilaze cheni ya zamani kando ya mpya, zote zimevutwa kwa nguvu sawa, hesabu viungo 16 na upime pini hadi pini kwa kalipa. Rudia sehemu tatu au zaidi, maana cheni hailiki sawasawa mzunguko wote.

spana_14

Sasa kazi yenyewe. Ichukulie injini hii kuwa ya valvu kugonga pistoni taimingi ikikosewa, na usizungushe chochote kwa haraka.

Toa waya hasi wa betri. Mwaga oili na maji ya rejeta, kwa sababu pampu ya maji inatoka pia. Legeza bolti za puli ya pampu ya maji mkanda ukiwa bado umekaza. Mkanda ukishatoka puli inazunguka pamoja na bolti na utahangaika bure. Toa gurudumu la mbele la kulia na plastiki ya pembeni ili uifikie krenki.

Toa koili, plagi na tapeti kava. Bila plagi injini inazunguka kwa mkono bila kupambana na kompresheni. Zungusha krenki kwa saa, siyo kinyume, mpaka mkato wa puli ukae kwenye 0 ya kava. Angalia gia za juu: alama zikiwa zimekaa juu panapotakiwa, pistoni ya kwanza iko juu kwenye kompresheni. Zikiwa chini, zungusha krenki mzunguko mmoja kamili. Kama mkato uko kwenye 0 na alama za juu zinakaribia tu bila kufika, tayari umeuona uchakavu. Piga picha hapo.

Weka jeki yenye kipande cha ubao chini ya sampu (bakuli la oili), beba uzito wa injini, ndipo utoe maunti (kishikilio cha injini) ya kulia. Bolti ya puli ya krenki imekaza kwelikweli. Tumia chombo cha kushikilia puli. Usifuate ile mbinu ya kufunga spana ndefu kwenye chesisi na kupiga stata: spana ikiponyoka inavunja mkono, na krenki inaondoka mahali ulipoipanga. Bolti ikilegea, hakikisha tena uko kwenye 0.

Bolti za kava la mbele zina urefu tofauti. Chora umbo la kava kwenye kipande cha boksi na uchomeke kila bolti mahali pake. Ukirudisha ndefu kwenye tundu fupi unapasua alumini. Kava limegandishwa na silikoni, libanue kwenye sehemu zilizoachwa kwa ajili hiyo tu, siyo kwenye uso unaokutana na bloku.

Bana pini ya tenshena irudi ndani, ifunge kwa waya mgumu, kisha itoe pamoja na reli na cheni. Kuanzia hapo usizungushe krenki wala kamshafti peke yake ikiwa pistoni iko juu. Kama springi za valvu zimesukuma kamshafti ikatoka kwenye alama, sogeza kwanza krenki nyuzi 90, pistoni zote nne zikae katikati ya silinda, rekebisha kamshafti, ndipo urudishe krenki.

Kupanga cheni mpya: hakikisha gia ya VVT-i imejifunga kwenye nafasi yake ya kuchelewa kabisa. Ikiwa imejifungua, utapanga alama vizuri na bado kodi itarudi. Kiungo kimoja cha rangi kinakaa kwenye alama ya gia ya krenki, viwili vingine kwenye alama za gia za juu. Upande wa reli isiyosogea cheni iwe imenyooka kabisa, ulegevu wote uupeleke upande wa tenshena. Kosa la jino moja huzaliwa hapa: mtu anaacha ulegevu kidogo upande unaovuta, tenshena ikiachiwa inauvuta, na kamshafti inasogea jino. Funga tenshena, bolti zake hukazwa Nm 9 tu (Nm ni kipimo cha nguvu ya kukaza), halafu chomoa ule waya.

Zungusha krenki kwa mkono mizunguko miwili kamili. Ikigonga kitu kigumu, simama, rudi kwenye alama. Usilazimishe.

MlioAsubuhi

Asanteni sana. Kava limefunguliwa. Pini ya tenshena ilikuwa imetoka karibu yote, na cheni ya zamani kwenye viungo 16 imezidi mpya kwa karibu milimita 1 kila sehemu. Nimepanga mpya, viungo vya rangi vilikaa sawasawa kwenye alama zote tatu. Lakini baada ya mizunguko miwili, viungo vya rangi haviko tena kwenye alama! Nimekosea wapi?

Jino36

Hujakosea. Milimita 1 kwenye milimita 128 ni nyingi sana, umeifungua kwa wakati.

Kuhusu rangi: viungo vile ni vya kupangia siku ya kwanza tu. Krenki ikizunguka mara mbili, kamshafti imezunguka mara moja, na cheni imesogea viungo 36 kwa gia ya meno 36. Cheni ya viungo 118 haijamaliza hata nusu ya safari yake. Ukichukua mfano huo, viungo vya rangi vitarudi pamoja kwenye alama baada ya krenki kuzunguka mara 118. Ukianza kuhamisha cheni ili rangi zirudi kwenye alama, ndipo utakapoharibu.

Baada ya kuzungusha, kagua alama za gia zenyewe: ya krenki mahali pake, na za juu mahali pake, kwa wakati mmoja. Zikikaa, taimingi iko sahihi, rangi iwe popote.

spana_14

Sahihi. Sasa usiharibu kwenye kufunga, maana gari nyingi zinarudi kwa kuvuja, siyo kwa taimingi.

Kwangua silikoni yote ya zamani kwa plastiki au mbao, ziba tundu la chini kwa kitambaa ili vipande visianguke kwenye sampu. Vikifika kwenye chujio la kufyonzea vinaua presha ya oili. Futa nyuso kwa kimiminika cha kusafishia breki zikauke. Mstari wa silikoni uwe wa milimita 3 hadi 4 bila kukatika, na uongeze tone pale kichwa cha silinda kinapokutana na bloku, kwa sababu kona hiyo ndiyo inayovuja. Ukishapaka, funga kava ndani ya dakika chache, isianze kukauka hewani.

Pampu ya oili ya 1NZ iko ndani ya kava hilohilo na inazungushwa na krenki. Ijaze oili kwanza, halafu ilinganishe na krenki taratibu. Kava likikataa kukaa, ujue rota (kiini kinachozunguka cha pampu) haijaingia. Usilivute kwa bolti. Paka oili kwenye mdomo wa sili kabla puli haijaingia. Bolti ya puli ni Nm 128 kwa spana ya torki.

Subiri angalau saa mbili kabla ya kumwaga oili ndani, zaidi kama kopo la silikoni linasema hivyo. Oili na chujio jipya ni lita 3.7, lakini kijiti ndicho hakimu. Jaza maji ya rejeta na utoe hewa.

Dizeli_Baridi

Nyongeza ya kuwasha mara ya kwanza: chomoa soketi za injekta, piga stata sekunde tano mara mbili au tatu mpaka taa ya oili izime. Tenshena mpya haina oili ndani, na bila hatua hii cheni mpya inapigapiga reli mpya. Rudisha soketi, futa kodi, washa bila kukanyaga mafuta. Mlio wa sekunde moja au mbili mara hii ya kwanza ni wa kawaida. Ukizidi sekunde tano, zima.

Oili hiyo imwage mapema, kwenye kilomita 1,000, kwa sababu mabaki ya plastiki za reli za zamani bado yanazunguka ndani. Baada ya hapo usipitilize muda wa kubadilisha oili. Masizi kwenye oili chafu ndiyo yaliyokula zile pini.

MlioAsubuhi

Imewaka. Mlio wa sekunde moja, kisha kimya. P0016 haijarudi baada ya kilomita 40, injini ikiwa ya moto na ya baridi. Kona ya kichwa na bloku ni kavu.