Shampuu imeisha nikaoshea nywele sabuni ya vyombo, nimejiharibia?

Binti Magomeni:
Habari zenu wapendwa, niko Mtwara mjini. Nywele zangu hazina dawa, ni nyingi halafu kavu. Jumamosi nimefumua yeboyebo kichwa kimejaa mafuta na vumbi, shampuu hakuna na hela ndo mpaka mwisho wa mwezi, nikachukua ile sabuni ya maji ya vyombo tunayopimiwa kwenye chupa nikaoshea. Povu si la kitoto, na maji yalitoka meusi tii! Ila zilipokauka chanuo linakwama, nywele ngumu kama makumbi ya nazi na nyuma ya masikio kunawasha. Niendelee nayo mpaka mshahara au niache? Hizi nywele nimezilea miaka 3 jamani.

Mama Saluni Lindi:
Acha mdogo wangu. Hiyo kazi yake kung'oa mafuta ya samaki kwenye sufuria, ikifika kichwani inabeba uchafu na yale mafuta yako ya asili. Na nywele zetu za kipilipili zimejikunja, mafuta ya kichwani yanachelewa kufika nchani, sasa ukiyatoa yote ndo unaona zinakatika kwenye chanuo. Mara moja haijakuua, mi mwenyewe nishamwoshea mteja aliyejipaka mafuta ya mgando yakagoma kutoka, ila nilimwekea stimingi hapohapo. Suuza tena kwa maji mengi, zikiwa bado mbichi paka mafuta ya nazi, chana kwa vidole kwanza kuanzia nchani.

Fundi Sabuni:
Dada mi natengeneza hizo za kupima, ngoja nikwambie ukweli. Tunachanganya salfoniki asidi, sless (ile ya kutoa povu), magadi soda ya kuua ukali wa asidi, na chumvi ili iwe nzito. Sless ipo hata kwenye shampuu nyingi, kwa hiyo povu halina shida, shida ni vipimo maana wengi wanakadiria kwa macho. Asidi ikizidi inababua, magadi yakizidi inakausha ngozi, na ngozi ya kichwa inataka asidi kidogo tu, pH (kipimo cha asidi, 7 ni katikati) kama 5.5. Halafu wapo wanaotia fomalini, kemikali kali, ili sabuni isiharibike. Huo mwasho wako usiupuuze, ukitoa vidonda nenda hospitali.

Binti Magomeni:
Asanteni sana, nimesuuza ndoo mbili nikapaka mafuta ya nazi nikafunga kitambaa, leo chanuo limepita mpaka kisogoni na mwasho umebaki kidogo upande wa kushoto. Ila Fundi umenitia wasiwasi na hiyo fomalini, mbona chupa ya mwanangu ya uji naoshea hiyohiyo??

Fundi Sabuni:
Tia tone moja kwenye maji mengi, usimimine moja kwa moja kwenye chupa, halafu suuza maji mawili matatu mpaka kidole kikipita ndani kisiteleze.